Jino la Punda

Siku bendera ya nchi yetu ilipopandishwa kwa mara ya kwanza, binti yangu alimkojolea baba yake shingoni. Alikuwa mdogo bado, ameketi mabegani mwa baba yake ili aone mbali, na mimi nilikuwa huko chini nimebanwa na umati, sioni nchi mpya wala ya zamani, naona makwapa ya watu tu. Wimbo wa taifa ukaanza. Nikaona maji yanashuka kwenye lile shati jeupe alilolipiga pasi mwenyewe tangu alfajiri, nikamvuta mkono. Hakugeuka. Alisimama wima, kidevu juu, mkojo unamfika kwenye mkanda, mpaka wimbo ukaisha. Ndipo akainama akaniambia, "Mama watoto, sasa mimi ni raia. Nimeshabatizwa."

Nilicheka hadi machozi yakanitoka. Mzee mmoja aliyekuwa kando yetu alidhani nalia kwa ajili ya uhuru, akanishika mkono akanipongeza.

Mume wangu alikuwa mrefu hata kwa watu wa kwao, na mimi ni mfupi hata kwa watu wa kwetu. Alipoenda kunitambulisha, ndugu zake walimuuliza kama nimefika mzima au kuna kipande kingine kinakuja na lori. Nililelewa Kenya, upande wa Kitale, mtoto wa wakimbizi. Kiswahili nilikipata huko, na ulimi mkali vilevile. Yeye nilimkuta huko huko akitengeneza jenereta. Uhuru ulipokaribia tulifunga virago tukaja Juba, tukapanga mtaa wa Hai Malakal. Mji haukuwa na umeme wa kutegemea, kwa hiyo kazi hakuikosa, nami nikaweka meza yangu ya chai kando ya barabara. Mtoto wa pili, wa kiume, alizaliwa hapo. Huyo alikuwa mtoto wa kula. Alikula udongo, alikula sabuni, alikula pindo za mashuka, na nilipomkemea alinitazama kwa huruma kana kwamba mimi ndiye nisiyejua kitu kitamu.

Mama mkwe wangu aliishi New Site, mtaa mwingine wa Juba, peke yake, katika nyumba yake ya udongo na nyasi, na hakutaka kuhama. Mimi na yeye tulikuwa na ugomvi mmoja tu, lakini tuliutumia vizuri. Ulikuwa ugomvi wa meno. Yeye meno yake ya mbele ya chini yaling'olewa alipokuwa msichana, kama ilivyo desturi ya watu wao, na alicheka na pengo lake bila kulificha. Mimi ninayo yote. Kila alipokuja kututembelea aliniangalia nikila, akatikisa kichwa. Alisema kwa Kiarabu cha Juba, nami hapa nayaweka maneno yake kwa Kiswahili, yamepungua makali kidogo.

"Mdomo umejaa kama wa punda," alisema. "Huyu mtoto wakati wake ukifika tutamng'oa, asije akawa kama wewe."

"Hang'olewi mtu."

"Sasa watu watajuaje kwamba ni wetu?"

"Watajua kwa ujeuri wake," nilimjibu. "Huo hauhitaji kung'olewa."

Mume wangu alikuwa akila tu, macho kwenye sahani. Yeye mwenyewe alikuwa na mistari ya kuchanjwa kwenye paji la uso, alama ya kabila lao, kutoka sikio hadi sikio, aliyochanjwa akiwa kijana. Alikuwa ameshaniambia faraghani kwamba miili ya watoto wake haitaguswa na wembe wala koleo. Kwa mama yake alisema, "Tutaona, Mama," na maneno hayo kwa lugha yoyote maana yake ni hapana.

Mwaka wa vita vipya, kuelekea Krismasi, jino la binti yangu likaanza kulegea. Lilikuwa la mbele, la chini. Alilisukuma kwa ulimi kutwa nzima, akala upande mmoja, akalala mdomo wazi ili asilikandamize. Nilimwambia nifunge uzi nilivute mara moja yaishe. Akaniambia mimi nina roho mbaya. Watoto wa jirani walikuwa wamemfundisha kinachofanywa hapa: jino likitoka unaligeukia jua, unalirusha juu ya paa, unasema, "Jua, chukua jino la punda, nipe jino la swala." Usipofanya hivyo, linaota jingine kubwa la kupinda, na unakuwa punda kwelikweli.

"Mimi nitakupandisha mabegani," baba yake alimwambia. "Jua lisipate taabu ya kuinama. Lakini usilitupe kabla sijaliona."

"Na kama limetoka ukiwa kazini?"

"Utaliweka. Lazima nilione."

Wakapeana mikono kama wafanyabiashara.

Milio ya bunduki ilianza Jumapili, giza lilipoingia. Tulijilaza sote chini ya kitanda. Mdogo alilala fofofo, ana mate ya usingizi, kana kwamba mji wote unabembelezwa kwa ajili yake. Dada yake alilalamika kwamba goti la baba linamchoma. Kisha akauliza kama hizo ni fataki za Krismasi, na kwa nini zimewahi. Baba yake akamwambia watu wa Juba hawajui kusoma kalenda. Hata pale niliona mabega yake yakitikisika, na sikujua kama anacheka au anatetemeka.

Asubuhi milio ikatulia kidogo. Mume wangu akasimama, akasema anakwenda New Site kumchukua mama yake. Nilimwambia asiende. Nilimwambia kwa upole, kisha nikamwambia kwa hasira, nikasema mambo juu ya mama yake ambayo sitayaandika. Alinisikiliza yote.

"Huyu wako wa kiume," akasema, "siku ukiwa mzee uko peke yako, ungependa akae chini ya kitanda?"

Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, nikampisha mlangoni. Akachukua kofia yake, akaivaa, akaivuta mpaka ikagusa nyusi, mistari yote ikafichika. Hakuwa na kawaida ya kuivaa hivyo. Akaniambia niwachukue watoto twende na majirani kwenye uwanja wa kanisa, atatukuta huko. Akamwinamia binti yake, akamwambia afungue mdomo, akaligusa jino kwa kidole. "Bado lipo. Usilitupe kabla sijaliona."

Tuliondoka mchana milio iliporudi. Wenzangu walibeba magodoro, sufuria, mifuko ya unga. Mimi nilimfunga mdogo mgongoni, nikamshika dada yake kwa mkono mmoja, na mkono wa pili, nilipokuja kutazama tukiwa tumeshafika mbali, ulikuwa umeshika chujio la chai. Nilikuwa nikiliosha watu walipoanza kukimbia. Njiani tulipita vitu ambavyo binti yangu alivitazama bila kutoa sauti, na sikuwa na mkono wa tatu wa kumziba macho. Kwenye lango la kanisa nilisimama ghafla, akanigonga kwa nyuma, jino likatoka. Akaona tone la damu kwenye gauni lake, akapiga yowe watu wakageuka. Akalilia tone hilo moja mpaka tukapata pa kukaa.

Jioni pikipiki iliingia. Nyuma yake alikuwa mama mkwe wangu, amejifunga shuka lake begani, amekumbatia kuku. Niliangalia nyuma yao. Hakukuwa na mtu. Mwenye pikipiki alikuwa Mganda wa mtaa wa Gumbo, mteja wangu wa chai, na uso wake ulikuwa mweupe kwa vumbi.

"Mama, mzee iko nyuma," akaniambia. "Yeye alisema atakuja na miguu. Pikipiki yangu watu mbili na ule mzigo ilishindwa, mafuta ilikuwa kidogo. Mimi nilisema twende tu hivyo hivyo, yeye alikataa. Alisema peleka mama."

"Mzigo gani?"

Alimtazama kuku.

Hilo sitalisahau. Kuku alipata nafasi na mume wangu hakupata. Najua si kweli, najua mtu mzima hakai kwenye nafasi ya kuku, lakini nilimchukia yule ndege kuliko nilivyowachukia wenye bunduki, kwa sababu yeye alikuwa mbele yangu. Tulimchinja wiki ile ile. Nilimla kwa hasira, na mama mkwe hakugusa hata mchuzi.

Basi tukakaa kwenye uwanja ule, chini ya hema la plastiki, tukingoja. Kila mwanamke pale alikuwa na mtu anayemngojea. Tulipika tukitazama lango, tuliosha watoto tukitazama lango. Siku moja mwanamume mmoja aliingia amevaa gauni la dada yake na kitambaa kichwani, na mkewe akamtambua kwa mwendo. Alipiga kigelegele ambacho sijasikia mfano wake. Sote tulikimbia tukamwona, tukamgusa, tukacheka lile gauni. Tangu siku hiyo kigelegele pale uwanjani kilikuwa na maana moja tu, na hakuna aliyekipiga bure.

Binti yangu yeye hakuwa na wasiwasi. Jino lilikuwa limefungwa fundo kwenye pembe ya shuka la bibi yake, ambaye watoto humwita Haboba, kama wote wanavyowaita bibi zao hapa. Kila asubuhi alimfungulisha fundo, akalitazama, likafungwa tena. Hesabu yake ilikuwa rahisi. Baba amesema lazima alione. Jino lipo. Kwa hiyo Baba yuko njiani.

Mama mkwe naye alilitazama lile pengo jipya kwa furaha ya mtu aliyeshinda kesi. "Amejing'oa mwenyewe," aliniambia. "Mtoto amechagua."

"Litaota jingine," nikamwambia.

"Tutaona," akasema, na kwa mara ya kwanza tulicheka pamoja.

Sasa yule mla mashuka wangu alikuwa akilala kifuani kwa Haboba. Asubuhi moja tukaamka pembe ya shuka imelowa mate, fundo limelegea, na ndani hamna kitu. Tulitikisa shuka, tulipekua mkeka, tulimtia kidole mdomoni. Alinipa ule uso wake wa huruma.

Binti yangu alilia kilio ambacho hakulilia damu. "Sasa Baba atakuja kuona nini?"

Nilitaka kumwambia anyamaze. Jirani yetu wa kulia alikuwa amempoteza mume na kaka siku moja, na alikuwa amekaa pale akisuka nywele za mtoto. Lakini nikamwangalia mwanangu nikaona kwamba katika dunia yote iliyobomoka amebakiwa na kamba moja tu, na nduguye ameimeza. Nikapiga magoti mbele yake.

"Kilichoingia kitatoka," nikamwambia. "Mama yako atalitafuta."

"Kwa mkono?"

"Kwa njia yoyote."

Lo, yule mdogo! Tangu azaliwe hakuwahi kujizuia popote, si kanisani, si mgongoni mwangu, si kwenye mapaja ya wageni. Sasa akafunga duka. Alikula maharage ya msaada, akanywa uji, akacheza, akalala, hakutoa chochote. Nilimkalisha kwenye kopo lililokatwa la mafuta ya kupikia, nikamwimbia. Aliimba pamoja nami akainuka safi. Habari zikaenea. Wanawake ambao waume zao walikuwa wakiwindana huko nje walikuja hemani kwangu na ushauri. Mmoja alisema papai, mwingine akasema maji ya ukwaju, mwingine akaja na kijiko cha mafuta, akamnywesha mwenyewe. Salamu za asubuhi zikabadilika. Badala ya kuulizana tumeamkaje, waliniuliza, "Ametoa?"

Alipoanza kutoa, likaja tatizo la pili. Huwezi kutafuta jino kwenye kitu kile bila maji, na maji pale tulipanga foleni tangu alfajiri kwa jerikeni moja. Mama mkwe akanipa yake ya kunywa. Nikasema hapana. Akasema, "Shuka ni langu, fundo ni langu." Yule jirani msuka nywele, ambaye hatukuwa tumesikia sauti yake, akanyanyua kikombe chake akanimiminia. Na chombo cha kuchujia, kama mlivyokwisha kubuni, nilikuwa nacho. Nilikuwa nimekimbia nacho mjini kote nikijiona mwendawazimu.

Basi kila mara nilikwenda nyuma ya vyoo na kopo langu na chujio langu la chai, nikachuchumaa, nikamimina kidogo kidogo. La kuvunda halina ubani. Nilijifunga kitambaa puani nikafanya kazi. Chujio hilo nililitupa baadaye, kabla mteja wangu yeyote hajauliza. Niliyaona maharage yote tuliyopewa kama msaada, niliona kifungo cha shati, niliona mbegu ya ukwaju, niliona kijiwe. Nilikuwa na meno thelathini na mawili kinywani, na yote nilikuwa nimeyakaza kwa kinyaa na hasira. Nilimtukana mume wangu kwa sauti ya chini, kwa ahadi zake, kwa urefu wake, kwa kwenda kwake. Hapo nyuma ya vyoo ndipo nilipolia, kwa sababu hakuna mtu aliyenifuata huko.

Asubuhi moja kikabaki kwenye wavu kitu kidogo cheupe. Nikamimina maji. Hakikuyeyuka. Nikakishika: kilikuwa na ncha na kishimo chake. Ni jino. Nikasimama, chujio juu, na nikapiga kigelegele.

Sikufikiri. Kilitoka chenyewe, kwa mapafu yote, baada ya wiki zote zile za kunong'ona.

Nikasikia vyombo vinaanguka. Wanawake walitoka kwenye mahema, mmoja ana povu kichwani, mwingine ana mtoto anayenyonya, wote wanakimbia, na hawakuwa wanakuja kwangu. Walikuwa wanakwenda langoni. Na mbele yao wote, aliyekuwa kwenye foleni ya maji, ameacha jerikeni imelala inamwaga maji, alikuwa mama mkwe wangu. Sikujua kama anaweza kukimbia. Alikuwa pekupeku, shuka limefunguka, linaburuta, mikono ameinyoosha mbele. Alifika langoni akashika nondo kwa mikono yote miwili akaangalia nje.

Nje hakukuwa na mtu. Palikuwa na barabara na vumbi.

"Nani amerudi?" wakaanza kuulizana. "Mume wa nani?"

Nikabaki nimesimama na chujio langu hewani. "Hakuna," nikasema. "Ni jino. Jino limepatikana."

Walinitazama mimi, wakalitazama chujio. Kisha mwenye povu akacheka, akainama akashika magoti, na kicheko kikapita kwa mmoja baada ya mwingine mpaka uwanja mzima ukawa unacheka, wanawake wa makabila yote, wanaangukiana mabegani. Jirani yangu msuka nywele hakucheka. Alirudi hemani kwake, akajifunika gubigubi.

Mama mkwe hakuachia lango. Nilimwendea. Sikujua nimwambie nini, kwa hiyo nikafungua kiganja nikamwonyesha.

"Nilijua ni sauti yako," akasema bila kugeuka. "Wengine wakipiga, naangalia tu. Nikasema, kama ni yeye anayepiga, basi ni wangu."

Niliweka mkono mgongoni mwake. Moyo wake ulikuwa unapiga kwa nguvu mno. Mwishowe akaligeukia lile jino, akalitazama kwa makini. "Umeliosha?"

"Nimeliosha."

"Osha tena," akasema, akaanza kucheka na pengo lake, na kicheko kile kikageuka katikati kikawa kitu kingine, nami nikamshikilia asianguke. Binti yangu alikuwa amesimama karibu yetu. Alilichukua jino kiganjani mwangu, lakini macho yake yalikuwa kwa bibi yake.

Siku chache kabla hatujaondoka pale, mtu mmoja wa New Site alinivuta kando. Alisema Jumatatu ile aliona wanaume wameketishwa kando ya barabara, na askari anapita akivua watu kofia. Alisema mmoja wao alikuwa mrefu sana, hata akiwa ameketi. Nilimweleza mama mkwe usiku huo huo. Alisema, "Huyo aliona mtu mrefu. Warefu ni wengi." Kisha akageukia ukuta wa hema.

Mwenye pikipiki alitutafutia chumba kwao Gumbo, ng'ambo ya daraja, chumba cha bati, karibu na barabara ya Nimule. Nikaweka tena meza ya chai, na chujio jipya. Madereva wa malori walikuwa wateja wazuri. Mama mkwe alibangua karanga za kuuza, mdogo akazila, maisha yakaitwa maisha. Jino lilikaa kwenye kopo tupu la mafuta ya kujipaka, limening'inizwa kwenye msumari mahali ambapo mdogo hafiki. Pale penye pengo pakaanza kuonekana weupe, kisha msumeno mdogo wa jino jipya. Watoto wa Gumbo walimwambia binti yangu amechelewa, atakuwa punda. Aliwapiga. Nilimkemea kama inavyompasa mama, nikampa chapati ya ziada.

Kila usiku alitazama lile kopo msumarini. Kila usiku nilijiambia kesho nitamweleza, na kesho nikachemsha chai. Niliogopa. Nilikuwa nimeshawazika watu moyoni, lakini sikuwa na ujasiri wa kumzika mtu mbele ya mtoto wake.

Halafu jirani mmoja wa Gumbo alimtoa mtoto wake mchanga nje, baada ya siku zake za uzazi, na wakafanya sherehe. Vigelegele vikapigwa mchana kutwa, ukuta kwa ukuta na sisi. Mama mkwe alikuwa mlangoni na ungo wake wa karanga. Kigelegele cha kwanza kilipopigwa nilishtuka mimi, nikamwagia maji ya moto kidole. Yeye aliendelea kubangua. Ganda, karanga, ganda, karanga. Hakuinua hata kichwa. Binti yangu alikuwa ameketi karibu naye.

Asubuhi yake nilikuwa nikipepea makaa, nikahisi mtu amesimama nyuma yangu. Alikuwa ameshika lile kopo. Sijui alipanda wapi kulifikia.

"Mama, leo tulitupe."

"Baba alisema," nikaanza mimi, mtu mzima na akili zangu, "alisema lazima kwanza alione."

"Najua alivyosema." Alifungua kopo, akafunga, akafungua. "Jana vigelegele vimepigwa kutwa, Haboba hakuangalia hata mara moja."

Nilimtazama mama mkwe. Alikuwa mlangoni, amesikia. Aliiweka pembe ya shuka mdomoni, akaiuma kwa meno ya juu.

Nikachuchumaa. Binti yangu akanipanda mabegani. Alikuwa amerefuka, amechukua kwa baba yake, miguu yake inanifika kiunoni, na nilipojaribu kusimama magoti yangu yalikataa. Nikashika ukuta. Nikajaribu tena. Nikasikia mikono ya mama mkwe nyuma yangu, inanisukuma makalio juu bila heshima yoyote.

"Inuka," akasema. "Si wewe ndiye punda wetu? Punda hubeba."

Nikainuka. Jua lilikuwa limetoka na kulipita paa kidogo. Binti yangu akajiweka sawa, akaninyoosha kichwa kwa mikono yake ili nisiyumbe.

"Jua," akasema, "chukua jino la punda. La swala limeshaota."

Nilidhani amemaliza.

"Mwonyeshe Baba kwanza," akasema. "Halafu ukae nalo."

Akalirusha. Liligonga bati mara moja na halikurudi. Kwenye jiko sufuria ilikuwa imechemka, chai inamwagikia makaa, na dereva mmoja alikuwa anagonga meza akiniita. Nikahisi maji yananidondokea shingoni, ya moto, safari hii kutoka machoni, yanashuka ndani ya gauni hadi mgongoni. Sikugeuka. Nilisimama wima, kidevu juu, mpaka alipomaliza.